Bakteria Mwindaji: Nani Anastahili Kuitwa Hivyo?

(Hotuba nzima, kwa ajili ya wenzetu ambao hawakuweza kufika ukumbini.)

Ndugu mwenyekiti, walimu wangu, wanafunzi, na nyote mliofika, nawasalimu.

Naomba nianze na swali. Ukisikia mtu anasema "bakteria mwindaji", akili yako inakwenda wapi? Kuna atakayefikiria kidonda kinachooza mguu mzima kwa siku mbili. Kuna atakayefikiria virusi vinavyopasua bakteria. Na kuna atakayefikiria kimiminika fulani cha kwenye chupa, kilichobandikwa maneno "vijidudu rafiki". Hakuna hata mmoja kati ya hao watatu aliyegusa maana yenyewe.

Maana yenyewe ni hii. Bakteria mwindaji ni bakteria anayeshambulia kiumbe hai mwingine mwenye seli, akamuua, akala kilichomo ndani yake, kisha akakua na kuzaana kwa chakula hicho. Kuua, kula, kuongezeka. Yote matatu, na windo liwe hai wakati linashambuliwa. Ukipungukiwa na moja, tafuta neno jingine. Naomba mlishike hilo, kwa sababu muda wote uliobaki tutakuwa tunalijaribu kwa viumbe mbalimbali, tuone linasimama wapi na linayumba wapi.

Tuanze na yule anayejulikana kuliko wote. Mwaka 1962 Heinz Stolp, mtaalamu wa magonjwa ya mimea nchini Ujerumani, alikuwa akitafuta faji kwenye udongo, yaani virusi vinavyoshambulia bakteria. Alitaka faji wa kumuua Pseudomonas phaseolicola, bakteria anayeleta ugonjwa kwenye maharagwe. Njia yake ndiyo inayotumika mpaka leo: unachanganya bakteria wengi na agari laini, yaani jeli ya kuoteshea bakteria, unamwaga juu ya sahani ya petri ili watande uso wote, unatia maji ya udongo yaliyochujwa, unasubiri. Penye faji, bakteria hupasuka na kuacha duara angavu katikati ya ukungu wa bakteria waliotanda. Duara hilo linaitwa plaki.

Plaki za faji huonekana kwa kawaida ndani ya saa 24. Lakini zilitokea nyingine, zilizochelewa kwa siku kadhaa, na baada ya kutokea ziliendelea kupanuka. Kwa nini hilo ni jambo kubwa? Kwa sababu faji wengi huhitaji bakteria anayekua. Bakteria wakishatanda na kuacha kukua, plaki ya faji nayo husimama hapo ilipofika. Sasa huyu ni nani anayeendelea kula wakati bakteria wameshaacha kukua? Chini ya hadubini jibu lilionekana: vijiti vidogo vilivyopinda, vyenye mkia mmoja, vikikimbia kwa kasi na kuwagonga bakteria wakubwa.

Mwaka 1963 Stolp, pamoja na Mortimer Starr, walimpa jina: Bdellovibrio bacteriovorus. Na angalieni walivyomweleza katika taarifa hiyo ya kwanza. Walimwita mwindaji, na papo hapo wakamwita kimelea cha nje, wakiamini kwamba anajishikiza juu ya windo na kubaki huko nje. Miaka michache baadaye picha za hadubini ya elektroni zilionyesha kwamba anaingia ndani. Kwa hiyo mkanganyiko wa maneno tunaouzungumzia leo ulikuwepo tangu siku ya kwanza.

Hebu tumtazame kwa karibu, maana ukimwelewa huyu, wengine wote utawapima kwake.

Ana upana wa mikrometa 0.2 hadi 0.5, na urefu wa karibu mikrometa 1. Escherichia coli, ambaye ni windo lake la kawaida maabara, ana urefu wa mikrometa 2 hivi. Bdellovibrio huogelea kwa kasi inayofika mikrometa 160 kwa sekunde, yaani zaidi ya mara 100 ya urefu wake mwenyewe katika kila sekunde. Kasi hiyo ina gharama. Anachoma akiba yake haraka sana, na asipopata windo ndani ya saa chache, wengi katika kundi hufa.

Akigonga windo, kwanza hujishika kwa namna ambayo bado anaweza kujibandua. Ni kama anapima. Windo likifaa, hujishika moja kwa moja. Hapo vimeng'enya hufungua tundu dogo kwenye utando wa nje na kwenye ukuta wa seli, uliotengenezwa kwa peptidoglikani, naye hujipenyeza. Mkia hupotea. Tundu huzibwa nyuma yake. Hakuingia katikati kabisa ya seli. Amekaa kwenye nafasi iliyopo kati ya utando wa nje na utando wa ndani. Nafasi hiyo, iliyo baina ya tando mbili, wanayo bakteria wa Gramu hasi, na ndiyo sababu hao ndio mawindo yake.

Windo linakufa mapema, ndani ya dakika, si mwishoni. Hili lisisitizwe: windo linakufa mapema. Vimeng'enya vya mwindaji hulegeza ukuta, na windo lililokuwa kijiti linageuka kuwa duara. Ukiona maduara hayo chini ya hadubini, kila moja likiwa na kijiti cheusi ndani, umeona uwindaji ukiendelea. Wakati huo huo mwindaji hutengeneza protini ya kumkinga asiharibiwe na vimeng'enya vyake mwenyewe.

Kisha anakula. Anavunja protini, asidi nukleiki na mafuta ya windo, anarefuka kama uzi bila kugawanyika. Chakula kikiisha, uzi wote hukatwa kwa pamoja kuwa watoto, watatu hadi sita kwa windo la ukubwa wa E. coli, na idadi inaweza kuwa shufwa au witiri. Kila mmoja huota mkia. Ukuta wa windo huyeyushwa, wanatoka, wanaanza kusaka. Mzunguko mzima ni saa 3 hadi 4.

Sasa rudini kwenye plaki zilizochelewa. Faji mmoja anaweza kutoa watoto 100 na zaidi ndani ya nusu saa au saa moja. Huyu anatoa wanne kwa saa nne. Ndiyo maana plaki zake huchelewa, na ndiyo maana mtu anayetupa sahani zake siku ya pili hatamwona Bdellovibrio maisha yake yote.

Jambo la pili. Neno hili linataja kazi, halitaji ukoo.

Tunapenda kudhani kwamba viumbe wenye jina moja wana babu mmoja. Hapa sivyo. Mwaka 1986 Ricardo Guerrero na wenzake, mmoja wao akiwa Lynn Margulis, walieleza walichokiona katika maziwa mawili ya Hispania, Cisó na Estanya. Kwenye tabaka la maji lisilo na oksijeni waliishi bakteria wa zambarau, Chromatium, wanaotumia mwanga na salfa. Na juu yao, wawindaji wa namna mbili. Wa kwanza, waliyemwita Vampirococcus, alijibandika nje ya Chromatium na kumnyonya humo humo alipo, bila kuingia. Wa pili, Daptobacter, alitoboa tando zote akaingia mpaka katikati ya seli, akagawanyika humo ndani.

Mmeona? Windo moja, njia mbili. Ukimwongeza Bdellovibrio anayekaa kati ya tando, zinakuwa tatu: nje, kati, ndani kabisa. Hata ndani ya jenasi moja njia hubadilika. Bdellovibrio exovorus, aliyeelezwa mwaka 2013, haingii kabisa. Hubaki nje akinyonya na kugawanyika kwa mbili, wakati ndugu yake bacteriovorus anaingia. Micavibrio naye hula kutoka nje, ingawa ukoo wake uko mbali kabisa na wa Bdellovibrio. Na wako wanaowinda kwa namna ambayo hata hatukuitarajia kwa bakteria: mwaka 2019 watafiti wa Japani walimweleza bakteria kutoka maji ya bahari ya Palau, waliyempa jina la muda Uab amorphum, anayemeza seli nyingine nzima nzima, jambo ambalo tulidhani ni la amiba na jamaa zake peke yao.

Kwa hiyo mwandishi anayesema "familia ya bakteria wawindaji" anakosea. Hakuna familia hiyo. Kuna Bdellovibrio na jamaa zake, ambao ni kundi. Na kuna wawindaji, ambao ni wafanyakazi wa kazi moja waliotoka koo nyingi. Ukimaanisha kundi, taja kundi. Ukimaanisha kazi, sema kazi.

Hapa pia ndipo pa kumtaja Myxococcus xanthus, bakteria wa udongoni. Yeye haogelei. Anateleza taratibu juu ya uso, mikrometa chache tu kwa dakika, katika makundi makubwa, na bakteria wanaopitiwa na kundi hilo wanayeyuka. Vitabu vingi humfananisha na kundi la mbwa mwitu. Mfano huo umekaa vizuri masikioni, na umeenea mno. Lakini je, una ushahidi gani?

Chanzo chake kikubwa ni jaribio la mwaka 1977. Eugene Rosenberg na wenzake waliwalisha Myxococcus kazeini, protini ya maziwa, badala ya bakteria hai. Waligundua kwamba seli zikiwa chache, hazikui vizuri. Zikiwa nyingi kwa pamoja, zinakua, kwa sababu vimeng'enya vinavyomwagwa nje na kila mmoja vinawafaa wote. Jaribio zuri, safi kabisa. Ila lilihusu protini iliyoyeyushwa majini. Halikuhusu kuua windo hai. Baadaye, mwaka 1996, Mark McBride na David Zusman walifuatilia seli moja moja na kuonyesha kwamba Myxococcus aliye peke yake anaweza kumla E. coli. Kazi za miaka ya 2020 na 2021 zikaonyesha kwamba mauaji hufanyika kwa kugusana: seli inasimama, inaligusa windo, na ndani ya dakika windo linapasuka. Kundi linasaidia katika kula na katika kutanda. Kuua, mmoja anatosha.

Na Myxococcus anatufundisha tofauti nyingine ambayo lazima iandikwe kila mara. Yeye anaweza kuishi bila kuwinda kabisa. Mpe protini iliyosagwa, atakua. Huyo ni mwindaji wa hiari. Bdellovibrio wa porini hawezi kuzaana bila windo. Huyo ni mwindaji wa lazima. Ingawa hata hapo kuna mlango wa pembeni: katika kila seli milioni moja hadi milioni kumi za Bdellovibrio, huweza kujitokeza moja yenye mabadiliko ya jeni inayoweza kukua kwenye lishe nono bila windo. Mtu asiyejua hili akiona makoloni ya manjano, yaani vijilima vya seli, kwenye sahani yake hudhani ni uchafu na kuyatupa.

Sasa tuje mipakani. Mipaka ndipo neno linapopimwa.

Faji je? Faji anaua bakteria, anazaana kwa mali ya bakteria. Lakini faji si seli, hana umetaboli wake, hali kitu; anaielekeza mitambo ya seli imtengeneze yeye. Wanaikolojia wanapoandika hesabu za kupanda na kushuka kwa faji na bakteria hutumia milinganyo ya mwindaji na windo, na hilo ni halali kwa hesabu zao. Ila katika kueleza viumbe, mwite faji.

Bakteria anayetoa antibiotiki? Anaua, lakini kama hali alichokiua, huyo ni mshindani anayepigania nafasi. Anayekula seli zilizokwisha kufa? Huyo ni mla mizoga. Kimelea? Kimelea hufaidika na mwenyeji aliye hai, angalau kwa muda. Ndiyo maana nilisisitiza kwamba windo la Bdellovibrio hufa ndani ya dakika za kwanza: chakula chote cha saa tatu zinazofuata kinatoka kwenye maiti aliyoitengeneza mwenyewe. Hilo ndilo linalomtoa kwenye vimelea na kumweka kwenye wawindaji, na ndilo ambalo Stolp na Starr wasingeweza kulijua mwaka 1963.

Na sasa lile kosa kubwa kuliko yote mitaani. "Bakteria wanaokula nyama." Mara nyingi wanaosemwa hapo ni Streptococcus pyogenes na wengine wanaosababisha kuoza kwa tishu za chini ya ngozi. Ni ugonjwa wa dharura, unaohitaji upasuaji na antibiotiki haraka. Lakini wale hawatafuni nyama, na wala si wawindaji. Sumu zao na mwitikio wa mwili ndivyo vinavyoharibu tishu na kuziba mishipa ya damu. Mwindaji tunayemzungumzia hapa windo lake ni kijidudu mwenzake. Mgonjwa au ndugu wa mgonjwa akisikia maneno haya mawili yamechanganywa, atakataa tiba inayofaa au atakubali isiyofaa. Kwa hiyo tafadhali, tafadhali sana, msiyachanganye.

Kinyume chake, yupo anayeitwa "amiba mla ubongo", Naegleria fowleri. Huyu kwa kazi yake ya kila siku ni mwindaji kweli: anaishi kwenye maji yenye joto yasiyo na chumvi na kula bakteria. Anamdhuru binadamu pale maji yanapoingia puani, naye amiba akapanda mpaka kwenye ubongo. Habari zinamtangaza kwa tukio hilo la nadra, na uwindaji wake halisi haumo kwenye habari.

Na yako mawindo yaliyogeuza kibao. Mwaka 1980 Timothy Rowbotham wa Uingereza alionyesha kwamba Legionella pneumophila, bakteria wa homa ya mapafu inayotokana na mifumo ya maji, anaweza kumezwa na amiba na asimeng'enywe. Anazaana ndani ya amiba, kisha anampasua na kutoka. Amiba alianza kama mwindaji, akaishia kuwa mwenyeji wa kimelea. Basi amiba ni mwindaji au siyo? Jibu langu: ni mwindaji kwa bakteria anaowameng'enya, ni mwenyeji kwa Legionella. Neno linaeleza uhusiano kati ya wawili. Halibandikwi kwa mmoja peke yake.

Ndugu zangu, hayo ni ya maana. Sasa ya mikono. Utathibitishaje kwamba ulichonacho ni mwindaji?

Nitaeleza kwa Bdellovibrio. Chukua udongo au maji ya bwawa, tikisa kwa saa moja ndani ya bafa, yaani mmumunyo unaotunza kiwango cha asidi. Pitisha kwenye sentrifuji, mashine ya kuzungusha, kwa mwendo mdogo ili mchanga na seli kubwa zishuke, kisha chuja maji ya juu kwa chujio la mikrometa 0.8, halafu 0.45. Bakteria wengi watabaki kwenye chujio. Mwembamba huyu atapita. Andaa windo: E. coli au Pseudomonas walioota usiku kucha, wakakusanywa na kuongezewa ukolezi mpaka wafike angalau bilioni moja kwa mililita. Changanya windo na maji yaliyochujwa ndani ya agari laini ya asilimia 0.6 hadi 0.7 iliyopoa mpaka nyuzi joto 42 hadi 45, mwaga juu ya agari ngumu ya asilimia 1.5, na uhifadhi kwenye nyuzi joto 28 hadi 30.

Siku ya kwanza, zungushia kalamu kila plaki inayoonekana nyuma ya sahani. Hizo ni za faji, kwa kiasi kikubwa. Kuanzia siku ya tatu hadi ya tano, plaki yoyote mpya isiyo na alama ndiyo unayoitafuta. Ikate, iloweke kwenye bafa, itazame chini ya hadubini. Rudia usafishaji mara tatu, kila mara ukichukua plaki moja iliyojitenga.

Nini huharibika? Kwanza, chakula kingi. Wengi huweka lishe nono wakidhani wanasaidia. Windo linakua kuliko mwindaji anavyoweza kula, na plaki hazionekani kamwe. Tumia lishe iliyopunguzwa sana, au bafa tupu. Pili, madini. Bila kalsiamu na magnesi, mashambulizi hudorora. Weka kloridi ya kalsiamu milimola 2 kwa lita na kloridi ya magnesi milimola 3 kwa lita. Tatu, agari iliyo moto mno, inayomuua mwindaji kabla hajaanza. Nne, hewa. Anahitaji oksijeni; ukiotesha kwenye kimiminika badala ya sahani, mililita 50 ziwekwe kwenye chupa ya mililita 250, itikiswe mizunguko 200 kwa dakika. Ukiijaza chupa, anakosa pumzi. Tano, windo chache. Chini ya laki moja hadi milioni moja kwa mililita, mwindaji hakutani na windo mara za kutosha, na anakufa njaa akiwa safarini.

Kwenye chupa, ndani ya siku moja ukungu husafika. Watu hufurahi hapo na kuandika "uwindaji umethibitishwa". Haujathibitishwa! Ukungu kusafika kunaweza kuwa kazi ya faji, au ya antibiotiki, au windo kujipasua lenyewe. Lazima uwe na chupa ya windo bila mwindaji. Lazima uwe na chupa ya windo pamoja na maji yaliyochujwa kwa mikrometa 0.2, ambako wawindaji wengi hawapiti lakini faji na sumu hupita. Hiyo nayo ikisafika, shaka iko kwa faji au kwa sumu. Na lililo muhimu kuliko yote: hesabu pande zote mbili. Windo lipungue, mwindaji aongezeke. Hesabu ya makoloni kwa windo, hesabu ya plaki kwa mwindaji. Kushuka kwa windo pekee ni nusu ya ushahidi.

La mwisho, tiba. Kwa sababu usugu wa dawa unazidi kukua, neno hili limeingia hospitalini kabla dawa yenyewe haijafika, na hapo ndipo uangalifu unapohitajika kuliko popote.

Yapo mambo yanayotia moyo kweli. Mwaka 2011 Robert Atterbury na wenzake waliwapa vifaranga Bdellovibrio kwa mdomo baada ya kuwaambukiza Salmonella. Salmonella walipungua na uvimbe wa utumbo ukapungua. Mwaka 2016 viluwiluwi vya samaki wa zebra walioambukizwa Shigella sugu walinusurika wengi zaidi walipochomwa sindano ya Bdellovibrio, na mwindaji alifanya kazi pamoja na chembe nyeupe za samaki mwenyewe. Pia mafuta ya utando wake wa nje hayachochei kinga kwa ukali kama ya bakteria wengi wa Gramu hasi.

Lakini sikilizeni kisa cha panya. Mwaka huo huo wa 2016 Kenneth Shatzkes na wenzake walitia bakteria wawindaji kwenye mapafu ya panya yenye Klebsiella pneumoniae, na Klebsiella walipungua zaidi ya mara 1,000. Mwaka 2017 wakajaribu kwenye damu, Klebsiella yule yule. Hawakupungua. Mwindaji yule yule, windo lile lile, mnyama yule yule. Kilichobadilika ni mahali. Kwa hiyo atakayewaambia "bakteria huyu anaua Klebsiella", muulizeni: wapi?

Na muulizeni: wangapi walibaki? Bdellovibrio hamalizi windo. Ukihesabu, windo hushuka mara elfu au zaidi, kisha kushuka kunakoma. Sehemu ya sababu ni uchache: wakishakuwa wachache, hakuna kukutana. Sehemu nyingine ni ukinzani wa ajabu, uliochunguzwa na watafiti Shemesh na Jurkevitch mwaka 2004. Walionusurika walikuwa sugu kwa mwindaji, lakini walipooteshwa upya bila mwindaji, watoto wao wakawa wanaliwa tena kama kawaida. Huo si usugu wa kurithi kama wa antibiotiki. Ni hali inayokuja na kuondoka. Kwa tiba, maana yake ni kwamba kazi ya kumaliza waliobaki ni ya kinga ya mwili, au ya dawa ya pili.

Na kumbukeni mpaka wa Gramu. Staphylococcus aureus hana utando wa nje, hana nafasi ya kuingilia. Mzunguko wa kawaida wa Bdellovibrio haukamiliki kwake. Kwa hiyo katika ripoti zenu, kila mnapoandika "mwindaji", andikeni papo hapo windo ni nani, aina gani, ukolezi gani, joto gani, na kwenye kimiminika au kwenye tishu.

Nimemaliza, ndugu mwenyekiti. Nakaribisha maswali.